Namba Saba na Minazi Nyuma ya Goli

Msinicheke kwanza, ngojeni nimalize: mpaka juzi, pamoja na cheti changu cha kidato cha nne cha masomo ya jioni, niliamini kwamba Dar es Salaam kuna handaki refu kama Reli ya Kati, na humo zimehifadhiwa picha za kila mechi iliyowahi kuchezwa nchi hii, hata za shule ya msingi. Aliniambia mwenzangu wa darasani, nami sikumuuliza kasikia wapi, kwa sababu nilitaka iwe kweli. Baba alifariki nikiwa bado nanyonya. Alikuwa winga wa timu ya mtaa hapa Tabora, na sijawahi kumwona hata akitembea (tuna picha yake moja, kakaa kitini, kama anasubiri kung'olewa jino).

Basi akaja dada Rehema, anatengeneza filamu ya makala kuhusu soka la zamani mikoani. Akanionyesha kwenye kompyuta vijana wenye kaptula fupi wanakimbizana vumbini, picha imechakaa, nyuso hazionekani. "Hizi ni za enzi za baba yako," akasema. Badala ya kuuliza ni za wapi, nikadakia, "Huyo namba saba ndiye mzee wangu!" Kamera ikawashwa, nikasimulia mpaka betri ikaomba msamaha.

Siku ya kuionyesha, Jumapili mchana, nilijaza ukumbi wa Gongoni mtaa mzima, nikamleta na mama kutoka Goweko, akaiacha tumbaku yake shambani, nikamkalisha mbele. Namba saba akachomoka, sauti yangu inanguruma juu yake, nikasimama nalia machozi ya kufulia mashuka, "Baba! Mwoneni baba!", watu wanapiga makofi, mpaka picha ikahamia nyuma ya goli, na hapo minazi imejipanga, mirefu, inayumba na upepo.

"We bwana," akapaza sauti Seif mwenye duka la vitambaa, "minazi hiyo hapa Tabora ilimwagiliwa na nani?"

Ukumbi ukalipuka, benchi zima likaanguka na watu wake. Rehema akaja kuninong'oneza: "Samahani kaka, hiyo mechi ni ya Pwani. Tukikosa picha tunaweka za miaka hiyohiyo, sauti isibaki peke yake. Uliposema ni mzee wako, nikadhani aliwahi kuchezea huko."

Tangu siku hiyo nikionyeshwa picha yoyote, hata ya harusi yangu, nauliza kwanza imepigwa wapi.

Mama peke yake hakucheka. Tulipotoka nikamuuliza, "Ulijua?"

"Tangu mwanzo. Baba yako alikuwa akikimbia kashika kaptula kwa mkono mmoja, ilimpwaya."

"Akikimbia vipi, mama?"

Akatazama huku na huku, akakamata kitenge chake kiunoni, akakimbia hatua tatu barabarani, bega moja limeinama. Nikamwomba arudie. Akarudia.

"Tutaitafuta picha yake kule handakini Dar," nikasema. "Lazima ipo."

"Haipo, mwanangu. Siku zile hakuna aliyekuja na kamera."