Ng'ombe wa Mwisho wa Kogo

Harufu ya unga wa mahindi uliotoka kisiagioni sasa hivi, ungali moto ndani ya gunia, hunikosesha raha mpaka leo. Wengine huipenda. Mimi hugeuza uso, na sababu yake nimewahi kumwambia mtu mmoja tu kabla yenu.

Nililelewa na Kogo, ndivyo tunavyomwita nyanya kwetu, juu kidogo ya soko la Sosiot. Alipoolewa, alisema, mlima wote ule ulikuwa nyasi na ng'ombe. Nilipopata akili, majani chai yalikuwa yameshuka mpaka mlangoni, na zizini alibaki Chelel peke yake, ng'ombe mweupe mwenye tabia ya kunilamba shingo kila nikiinama. Hata hivyo ng'ombe wa jirani akikataa kula, Kogo ndiye aliyeitwa kabla ya daktari.

Nilipokuwa na miaka tisa, kiangazi kilirefuka. Maziwa yakapungua kwa kila mtu. Kwetu ndoo ikawa kikombe. Jioni moja Baba alisema kwa upole, "Mama, wiki ijayo nitampeleka Chelel soko la Mulot. Hapa tupande chai. Wewe umechoka."

"Sijachoka," Kogo akajibu. "Ni nyasi zimechoka. Ng'ombe hukamuliwa mdomoni. Akila, atatoa."

Neno hilo nililichukua jinsi lilivyo. Asubuhi, Kogo alipokwenda mtoni kutafuta majani, nilifungua gunia la unga uliosagwa jana yake, ungali na joto la kisiagi, nikajaza karai, nikampelekea Chelel. Alikula mpaka akalamba ukingo. Nikaongeza. Nikaongeza tena. Kisha nikaketi kukitazama kiwele, nikiamini kitafura mbele ya macho yangu kama andazi kwenye mafuta.

Jioni alikataa maji. Kesho yake alilala chini akisaga meno, tumbo limejaa, na siku ya tatu asubuhi alikufa, kichwa chake kikiwa mapajani mwa Kogo. Nililia mpaka nikatapika.

Baba aliuliza alikula nini. Kogo akajibu bila kunitazama, "Ni mimi. Nilimkatia majani mabaya kule mtoni. Macho yangu hayaoni vizuri siku hizi."

Nikamwamini; unga sikuuwazia hata kidogo. Habari ikasambaa. Majirani wakaacha kumwita. Baba akapanda chai palipokuwa zizi, na Kogo akaanza kununua maziwa ya pakiti dukani, yeye aliyekuwa akiwagawia wengine. Na mimi, Mungu anisamehe, nilimkasirikia. Miaka mizima niliposikia jina la Chelel nilimtazama yule mzee na kuwaza: wewe na macho yako.

Nilikwenda chuo cha Kabianga kusomea mifugo. Siku moja mwalimu alieleza jinsi nafaka nyingi zinavyomuua ng'ombe: anakataa maji, anasaga meno, tumbo linajaa. Nilitoka darasani kabla hajamaliza, nikaenda nyumbani.

Kogo alikuwa akichagua maharagwe. "Kogo," nikamwambia, "Chelel nilimuua mimi. Nilimpa unga."

"Najua," akasema, mikono yake ikiendelea na kazi. "Nilikuta karai. Na pua yake ilikuwa imejaa unga."

"Mbona ukasema ni wewe?"

"Chelel alikuwa anakufa, Chebet. Wewe ulikuwa na maisha yote mbele yako. Ningekutwika mzoga wa ng'ombe uubebe mpaka uolewe?"

Kogo ametutoka sasa. Mimi huzunguka vijiji vya Belgut kufundisha watu kulisha ng'ombe mmoja au wawili waliowabakia, na wananiita hata usiku, wakiniamini. Nikiwa mtoto nilidhani siku ile Kogo alipoteza ng'ombe. Sasa najua kwamba ng'ombe alikuwa sehemu ndogo. Alitoa jina lake la mjuzi wa ng'ombe, kitu pekee ambacho chai haikuwa imemnyang'anya, ili mimi nisibebe lawama. Kisha akanipikia na kunivika miaka yote hiyo, huku akiona jinsi nilivyomtazama.