Aliyenishikia Kamba Darini

Haya si ya kuwalazia watoto. Akili zangu zilikuwa timamu, jua linawaka, na mkono ulioguswa ndio huu.

Ilikuwa Mbwera, wakati vita vya Maji Maji vimepamba moto upande wa milima ya Umatumbi. Mimi ni seremala. Nikaitwa na Bi Mwanahawa, mke wa mchuuzi wa mpunga. Mumewe alikuwa amekwenda vitani baada ya kunywa yale maji ya dawa waliyoambiwa itageuza risasi kuwa maji. Bibi akataka mumewe akirudi akute darini mmetandikwa mbao mpya. Sakafu ya zamani ilikuwa udongo uliokandikwa juu ya boriti, huku kilima, huku bonde. Akaniambia nisawazishe kote, isipokuwa pembe ya dirishani. Pale palipobonyea ndipo mumewe alipozoea kujinyoosha baada ya adhuhuri.

Nikapanda peke yangu. Palipoinuka nikapachimba, palipozama nikapajaza udongo na kushindilia. Nikaweka sinia la maji kuona yanaelekea wapi. Kisha nikataka kuvuta kamba ukuta hadi ukuta. Sasa, mtu mmoja atashikaje ncha mbili? Nikiwa natafuta pa kuifungia, kamba ikakaza.

Nikainua macho. Mwanamume wa makamo alikuwa amechutama kwenye lile bonde la pembeni, ameshika ncha ya pili kwa mkono wa kushoto. Nikadhani ni jamaa wa nyumba, nikamsalimu. Shati lake lilikuwa linachuruzika maji, na niamini, kilikuwa kiangazi.

Akasema taratibu, "Fundi, hapa napo pajaze."

Nikamwambia kwamba mwenye nyumba amekataza.

"Pajaze. Ukipaacha, ataningoja mpaka azeeke."

Ungefanya nini wewe? Nilipajaza. Alikuwa akinipokeza udongo, na kila vidole vyetu vilipogusana, baridi ilinipanda hadi kwapani. Tulipomaliza nikajitia ushujaa, nikamuuliza ametokea wapi.

Akanitazama. "Yale maji," akasema, "yalikuwa maji tu."

Kamba ikalegea. Pembeni hapakuwa na mtu, na udongo aliochutama juu yake ulikuwa mkavu kabisa.

Nilishuka mbio. Bi Mwanahawa alikuwa anapepeta mchele chini ya ngazi. Asingepita mtu asimwone. Alipopanda akakuta pembe imesawazishwa, akaniuliza kwa hasira nani kaniruhusu. Nikamweleza. Akauliza jambo moja tu: huyo mtu alishika kamba kwa mkono upi? Nikasema kushoto. Mumewe alikuwa mtu wa shoto. Bibi akakaa palepale, akapapasa udongo kwa kiganja. Hakulia.

Siku hiyohiyo akaingia eda. Majirani wakasema vita vimemtia wazimu, maana hapakuwa na mjumbe wala habari. Habari zilikuja baadaye na watu waliokimbia milimani. Wakakuta matanga yamekwisha kuanuliwa.

Mbao nilizimalizia mchana, mlango wazi, bibi akinisomea dua kutoka chini. Tangu hapo vidole vyangu havijapata joto. Navipasha motoni mpaka ngozi inababuka, ndani bado baridi.

Nawe ukiwa kazini peke yako, ukapata msaidizi usiyemwita, mfanyie alichokujia. Ila usimuulize atokako. Yeye ataondoka, jibu utabaki nalo wewe.