Dole Gumba la Fundi Friji

Mtaani walikuwa wamezoea kumwita Fundi Friji, na hata mume wake, ambaye alikuwa kinyozi na mtu wa maneno mengi kama vinyozi wote, alimwita hivyo hivyo mbele za watu. Ufundi alifunzwa na marehemu kaka yake, pamoja na mambo mawili matatu ambayo ingekuwa heri asingefunzwa. Kwanza, kwamba fundi hasa havai glavu, kwa sababu bomba la friji husomwa kwa vidole: ukiligusa unajua gesi imepita au imekwama. Pili, kwamba gesi ya mteja haimwagwi. Fundi anayeacha gesi ivuje mbele ya mteja, alisema kaka mtu, ni sawa na muuza maziwa anayepiga teke ndoo yake mwenyewe. Mimi naona yule kaka alikuwa na majivuno kuliko akili, lakini marehemu hasemwi vibaya, na vidole vya dada yake vilikuwa kweli vya ajabu. Aliweza kuweka dole gumba la kulia kwenye bomba, akafumba macho, akakwambia friji yako inaumwa nini kabla hujamaliza kueleza.

Siku ya mkasa aliitwa kwenye bucha lililokuwa nyuma ya nyumba yao. Friza kubwa ilikuwa imeacha kugandisha tangu asubuhi, nyama zimeanza kulainika, na mwenye bucha alikuwa amesimama nyuma yake akihema utadhani ni yeye anayetengenezwa. Tundu lililovuja Fundi Friji aliliona mapema, akaliziba vizuri. Ilibaki kujaza gesi. Sasa gesi ya friji ukiiacha itoke taratibu, mtungi ukiwa umesimama wima, inakuchelewesha, na yeye alikuwa na mtu mgongoni anayeuliza kila mara kama bado. Akaupindua mtungi kichwa chini ili gesi itoke ikiwa majimaji. Haraka haraka haina baraka, kila mtoto anajua.

Mpira wa kupitishia gesi ulichomoka kwenye bomba. Yakaruka majimaji meupe yenye moshi, yakipiga kelele kama nyoka aliyekanyagwa, na mtu mwingine yeyote angeutupa mpira ule akakimbia. Fundi Friji aliuziba mdomo wa mpira kwa dole gumba. Akaubana kwa vidole viwili vilivyofuata, na kwa mkono wa kushoto akaanza kuhangaika na koki ya mtungi, ambayo ilikuwa ngumu na imekaa vibaya. Mwenye bucha alimwambia aachie. Yeye akajibu huku anacheka kwamba gesi hiyo ni yake, ya mteja, kwa nini aimwage. Koki ilipokubali kufunga, dole gumba lilikuwa jeupe kama mshumaa, na alipoligonga kwenye mlango wa friza lilitoa sauti ya kijiti.

Hakusikia maumivu hata kidogo, na hapo ndipo alipodanganyika. Alifungua mlango wa bucha hewa ipite, akaurudisha mpira mahali pake, akamaliza kazi kwa mkono wa kushoto, akaaga na kwenda nyumbani akiwa amekunja vidole ndani ya ngumi kama mtu aliyeficha peremende. Njiani aliwaza kuwa ni ganzi tu. Ganzi huja na kuondoka.

Nyumbani alimkuta mama mkwe wake amekaa kwenye kigoda mbele ya jiko la mkaa. Wawili hawa walipatana sana, na walitaniana hata mbele ya wageni. Mama mkwe alikuwa amelea watoto wengi, wa kwake na wa ndugu zake, na karibu kila kitu alikitibu kwa joto: jino, tumbo, mgongo, hata huzuni. Alipouona mkono ule alishtuka, akaweka kifuniko chini.

"Baridi dawa yake ni moto, mwanangu," alisema. "Lete huo mkono."

Fundi Friji akaunyoosha. Mama mkwe aliupaka mafuta, akausugua kwa nguvu kati ya viganja vyake, akaushusha juu ya makaa, akausugua tena. Mkwe wake hakusikia kitu, ndiyo maana alikuwa akimsimulia mwenye bucha alivyohema, na wote wawili wanacheka. Kinyozi aliingia wakati huo kutoka kazini, akasimama mlangoni, akanusa, akauliza nini kinaungua. Walitazama kwenye sufuria. Kisha wote watatu wakautazama mkono.

Hospitali, muuguzi hakuuliza maswali mengi kwanza. Alimvua pete kwa sabuni, kwa sababu alisema vidole vitavimba na baada ya hapo pete haitatoka ila kwa kukatwa. Akaleta beseni la maji ya uvuguvugu, akayapima kwa kiwiko kama anayetaka kumwogesha mtoto mchanga, akauzamisha mkono humo na kuongeza maji kila yalipopoa. Kusugua alikataza kabisa. Ndipo damu ilipoanza kurudi, na maumivu nayo yakarudi kwa pamoja, makubwa kiasi kwamba Fundi Friji aliuma kola ya gauni lake. Muuguzi alimpa dawa ya maumivu, akamwambia avumilie, kwa kuwa kinachouma bado kina uhai. Fundi Friji akatulia asikilize. Kidole cha shahada kilikuwa kinauma, cha kati pia. Dole gumba lilikuwa linauma kwenye shina tu. Ncha yake ilikuwa kimya, na kimya kile kilimtia hofu kuliko maumivu yote.

Daktari alipokuja aliugeuza mkono taratibu kwenye mwanga, akauliza kama uliwekwa kwenye moto, kwa sababu aliona alama. Mama mkwe alikuwa amesimama karibu na mlango akishika mkoba wa mkwe wake kwa mikono miwili.

"Niliukaribisha kwenye jiko mwenyewe," alisema Fundi Friji.

Daktari akatikisa kichwa. Nyama iliyoganda haisikii, alieleza, kwa hiyo haiwezi kukuonya, na moto huimalizia pale baridi ilipoishia. Sasa kipi kimefanya nini hawezi kutenganisha. Mgonjwa aliuliza kama dole litakatwa. Daktari akasema hakuna anayekata sasa, maana nyama iliyopigwa na baridi hudanganya: inaweza kuonekana imekufa na bado iko hai chini yake. Wangeifunga kwa kitambaa safi, kila kidole peke yake, wangesubiri mwili wenyewe uoneshe mpaka wa kilicho hai na kilichokufa. Malengelenge yasitobolewe, mkono ukae juu ya mto, na akifika nyumbani asithubutu kuukaribisha kwenye joto wala baridi. Alichomwa sindano ya pepopunda, akapewa siku ya kurudi.

Kusubiri huko ndiko kulikomchosha. Fundi bila dole gumba atashika nini? Alijaribu kichwani, kazi baada ya kazi. Spana ilimtoka. Bisibisi ilizunguka bure mkononi. Kukata bomba ndiyo usiseme. Asubuhi, kabla mtu hajaamka, aliligusa dole kwa mkono wa kushoto juu ya bendeji, akisikiliza kama mtu anayegonga mlango wa nyumba asiyojua kama ina watu. Aliporudi hospitali kubadilishwa bendeji, malengelenge ya vidole viwili yalikuwa na maji meupe, na muuguzi aliyafurahia. Lengelenge la dole gumba lilikuwa na damu nyeusi, na muuguzi alilifunga haraka akaanza kuzungumzia mvua.

Kinyozi alijitahidi. Alijifunza kusuka nywele za mke wake, akamsuka mistari iliyopinda hadi majirani wakauliza kama amelala njiani, na siku moja alimwambia kwamba kidole kimoja hakivunji chawa, lakini yeye anavyo tisa, chawa watakoma. Mke wake hakucheka. Kinyozi akatoka uani, na alisikika akipenga kamasi kwa muda mrefu.

Mama mkwe yeye aliacha kutania. Jiko alilihamishia nyuma ya choo, mvua inyeshe jua liwake, na chakula alikileta akiwa ameinamisha uso, akauliza kama kinatosha, akaondoka. Habari za mkono hakuuliza kamwe. Fundi Friji alimjibu kwa adabu kila mara: asante mama, kinatosha mama, Mungu akubariki mama. Ukweli ni kwamba aliuogopa mdomo wake mwenyewe. Kuna asubuhi alizoamka akasema moyoni, kama asingeniita. Kisha anajikumbusha kuwa mkono aliunyoosha mwenyewe, na kabla ya hapo aliziba mpira ule kwa sifa za kijinga, na aibu inamshika. Kesho yake anaamka tena na neno lile lile.

Vidole viwili vilichubuka, vikatoa ngozi mpya ya waridi iliyokuwa ikiwasha usiku na mchana. Ncha ya dole gumba ilinyauka, ikawa nyeusi na ngumu kama ganda la ukwaju, na chini yake ukajichora mstari mwembamba, safi, ambao hata asiye daktari angeuelewa. Daktari alisema kiungo cha chini kimepona na ataweza kushika, ila ncha na kucha havina uhai tena. Vikaondolewa. Ilikuwa kazi ndogo, alisema daktari, na kwake yeye bila shaka ilikuwa ndogo.

Bendeji ilipotoka, Fundi Friji alivuta friji kuukuu ya nyumbani mpaka uani, akaichomeka kwenye umeme, akachuchumaa nyuma yake. Aliweka kipande cha dole kwenye bomba na kufumba macho. Kiliuma, basi. Kama bomba lilikuwa la moto au la baridi hakikumwambia. Alijaribu mara ya pili, akajaribu tena, na machozi yakaanza kumtoka bila ruhusa. Hapo akasikia mtu anakaa kwenye ngazi nyuma yake. Alikuwa mama mkwe.

"Niambie, mwanangu," alisema. "Ni ile baridi, au ni moto wangu?"

Neno la kumliwaza lilikuwa tayari mdomoni. Fundi Friji akalimeza.

"Sijui, mama. Hata daktari hakujua."

"Pale hospitali ulisema ni wewe."

"Niliogopa wangekusema mbele za watu."

"Na moyoni?"

Fundi Friji alifuta uso kwa bega. "Moyoni kuna siku nilikulaumu. Nyingine nilikulaumu sana."

Mama mkwe aliitikia kwa kichwa. Alilia bila kujificha, akajifuta kwa pindo la gauni, akavuta pumzi.

"Nilijua," alisema. "Ulikuwa unanijibu vizuri mno."

Kisha mama mkwe aliinuka, akaja akainama karibu kabisa, akautazama ule mkono kwa mara ya kwanza tangu siku ya hospitali, akauliza maswali matatu kwa mpigo bila kungoja majibu. Fundi Friji alikuwa ameshahamishia dole la kushoto kwenye bomba, anatafuta.

"Mama, hebu sogea huko," alisema. "Unaniziba mwanga."

Mama mkwe akasogea, lakini hakwenda mbali.