Mshono wa Mwisho wa Santa Engracia

Miaka thelathini na mbili Eusebio Carabalí alikalafati meli katika bandari ya Havana, akiziba mianya ya mbao kwa katani na lami, na hakuna hata moja iliyowahi kurudi ikivuja. Akipiga nyundo, mafundi wengine hunyamaza wasikilize.

Kisha ikaletwa ile manowari. Waingereza waliijenga, Wafaransa wakaiteka, sasa Wahispania wameiteka kutoka kwa Wafaransa. Kule tezini, nyuma ya meli, palikuwa na jina juu ya jina, rangi juu ya rangi. La sasa lilikuwa Santa Engracia. Amri ikatoka: Jumapili iwe baharini.

Eusebio alipewa ubavu wa kushoto pamoja na mkwewe Fermín. Wakashindilia katani kwa nguvu zote, kama walivyozoea kwa meli za kwao za mbao za mwerezi na mkangazi. Siku ya tatu mzee akasimama.

"Hebu piga tena hapo."

Fermín akapiga. Sauti ikatoka butu.

"Inasema nini, Baba?"

"Haisemi kitu. Hapo ndipo pabaya."

Akapenyeza kidole. Mwanya uliokuwa mwembamba jana, leo ulimeza kidole. Mbao zile za mwaloni, zilizochoshwa na vita, zilikuwa zikisukumwa na katani, misumari ikichomoka taratibu kama meno mabovu. Wao wenyewe ndio waliokuwa wakiifungua meli.

Akamwendea ofisa. "Bwana mkubwa, tuing'oe yote, tuanze upya. Wiki tatu tu."

"Wiki tatu! Unawasubiri Waingereza waje wakushikie nyundo? Paka lami, mzee."

Na bandarini pale, anayeziba mshono wa mwisho wa mbao lazima apande meli hiyo safari yake ya kwanza. Ndiyo dhamana ya kazi. Zamu ilikuwa ya Fermín, na mkewe Crispina, binti wa Eusebio, alikuwa na mimba ya miezi minane.

Jumamosi mafundi wakamtania. "Wee Fermín, mwambie mkeo aanze kupika sufuria ndogo!"

"Wivu tu huo! Nikirudi kutoka Veracruz na vitambaa msiniombe hata uzi." Alicheka, lakini nyundo yake ikapiga pembeni.

Wakaenda kula mihogo. Eusebio akabaki. Waliporudi, mshono wa mwisho ulikuwa umeshazibwa, lami ikifuka moshi.

"Baba! Ilikuwa zamu yangu!"

"Umechelewa. Unakula sana wewe."

"Baba, usinifanyie mzaha."

"Mtoto akiwa wa kiume," Eusebio alisema akifuta nyundo, "mtafutie kazi nyingine."

Jumapili watu walijaa kwenye ukuta wa bandari wakishangilia. Eusebio alikuwa chini kabisa melini, kiganja juu ya ubao. Ngome ya mlango wa bandari ikapiga mizinga ya kuaga, manowari ikajibu, na kwa kila mlio ubao ulicheza kiganjani mwake. Kisha kiganja kikalowa.

Hawajaipita hata ngome, akasikia pampu ya kutoa maji melini ikianza kazi.