Niliukata mpaka wa shule kwa panga langu, jirani akaandikwa mvamizi

Wakuu, mwakeye!

Salamu ya Kiha hiyo, kutoka Kasulu. Haya yamenikuta mimi, sikusimuliwa. Na kwa kuwa sehemu ya aibu ni yangu, sina sababu ya kuongeza chumvi.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi, mtu wa Singida. Nilipangiwa huku upande wa Kagerankanda, nikafika na moto wote wa ajira mpya. Mwalimu mkuu akanikabidhi usimamizi wa mazingira ya shule.

Pembeni mwa uwanja kulikuwa na mstari wa minyaa, ile miti ya utomvu mweupe. Mimi nikaona kichaka cha nyoka. Jumamosi moja nikafyeka yote, nikajipongeza.

Kwa msiojua, huku minyaa ndiyo mpaka. Hakuna ukuta wala waya.

Msimu uliofuata jirani yetu, Mama Josefina, akalima hadi ndani ya eneo letu na kupanda muhogo. Wazazi wake walitoka Burundi, yeye ni raia kama mimi, na shamba lile ndilo linalomlisha yeye na wajukuu.

Sasa pale alipopanda ndipo tulipotaka kujenga choo cha wasichana. Cha zamani kilititia kwa mvua, na kwingine kote ni mwamba. Watoto wakawa wanajisitiri migombani, na wale wakubwa siku zao zikifika hawaji shule kabisa. Hili liliniuma sana.

Tukaandika barua ofisi ya ardhi.

Wakuu, hapo ndipo nilipoijua "njoo wiki ijayo". Mara mpimaji yuko semina, mara gari halina mafuta, mara aliyekuwa na faili kahamishiwa Kibondo na kabati kalifunga. (Nisiwe mnafiki, chai nilikaribishwa. Mapokezi walinizoea kama mtumishi mwenzao.)

Mwaka ukapita. Matofali waliyofyatua wazazi yakaanza kumeguka kwa mvua.

Na katika kila barua niliandika kuwa mama kavamia. Nani alikata minyaa, sikuandika hata mara moja.

Hatimaye mpimaji akaja kwa bodaboda, dada mmoja mpole. Ramani ya shule haikuwa na vipimo. Akasema bila alama ya zamani, au majirani kukubaliana, faili linarudi mezani.

Mwenyekiti wa kijiji, aliyekuja kushuhudia pamoja na Mama Josefina, akauliza mpaka ulikuwa wapi.

Nikajikuta nasema, "Minyaa niliikata mimi. Sikujua ni mpaka. Mama, nisamehe, nimekuandika mvamizi."

Mama Josefina akaniangalia weee.

"Ego, ndiyo mwalimu. Nilikuona unakata. Nikasema shule wamekiacha hiki kipande, ndiyo nikalima. Ungekuja nyumbani kuniuliza, tungemaliza siku ile ile."

Akachukua jembe, akaingia kwenye muhogo wake mwenyewe na kuanza kung'oa. Chini vikatokea visiki vya minyaa, kimoja baada ya kingine, hadi kwenye kona.

Angeweza kunyamaza tu, kipande kikabaki chake. Nililia wakuu, na sioni aibu kusema.

Dada mpimaji naye Mungu ambariki. Alipima na kuandika makubaliano pale pale, tukasaini juu ya siti ya bodaboda. Muhogo uliong'olewa, mama alitugawia tukaenda kupika.

Choo kipo sasa. Wasichana wanakuja shule siku zote.

Juzi ofisi imejibu barua yangu ya kwanza kabisa: suala linashughulikiwa. Nilimsomea Mama Josefina, akacheka hadi akakaa chini.

Funzo nililopata: kosa lako litaje mapema, na mpigie jirani hodi kabla ya kumwandikia barua. Nyie huko kwenu mipaka ya shule na zahanati mlimalizaje? Shusheni uzoefu, na mnaonisema nisemeni tu.

Mwaka mzima nilikuwa nasafiri kwenda mjini kutafuta haki. Mlango wa yule mama unaonekana kutoka ofisi ya walimu.