Alikufaka

Nilivuka ziwa nikitokea Kongo, nikaishia Makambako kupakia magunia ya viazi. Mfanyabiashara mmoja wa Lyamkena, hapohapo mjini, aliyezoea kupiga video za harusi, aliamua kutengeneza filamu yake kwa kamera ileile aliyoletewa kutoka Dubai, maana miaka hiyo soko la nchi lilikuwa limefunguliwa kwa bidhaa za nje na kila kitu kiliingia. Akanipa nafasi ya mtoto anayerudi nyumbani na kukuta mama yake amekufa.

Maneno yangu yalikuwa mawili tu: "Mama amefariki." Niliyarudia huku nikibeba magunia. Lakini siku ya kurekodi, nilipoona mwili umefunikwa blanketi, nilimkumbuka mama yangu mzazi, aliyezikwa ng'ambo nikiwa sipo, na ulimi ukarudi kwenye Kiswahili cha kwetu Kongo.

"Mama alikufaka," nikalia. "Alikufaka na mimi sikuwako."

Filamu ilipooneshwa kwenye kibanda cha video, nilikaa benchi la nyuma. Kilio changu kilipofika, watu walicheka hadi wakaegemeana. Mama muuza chai, ambaye kila asubuhi tulisalimiana "kamwene" kama ndugu, alijifuta machozi ya kicheko kwa ncha ya kanga.

Tangu hapo sijapewa nafasi nyingine ila ya kuchekesha, hata katika hizi tamthilia za kwenye simu. "Mzee, tulilie kama siku ile," waongozaji huniambia, na huanza kucheka kabla sijafungua mdomo.