Kajumba ka Rebeka kwenye Ukuta

Juzi fundi alikuja kupaka chokaa ukuta wa jikoni yangu hapa Bunia. Harufu ya chokaa iliyolowa ilinipanda puani hadi nikaweka kisu chini na kuyaacha majani ya muhogo ya sombe nusu yamekatwa. Nilijiona tena mtoto, nimesimama mbele ya ukuta wa Prof Karte, mikono nyuma, maana hakupenda vidole vyetu kwenye kazi yake.

Prof Karte alikuwa jirani yetu. Alifundisha historia mpaka alipozeeka, kisha akajipa kazi ambayo hakuna aliyemtuma: kuchora karte ya wakati. Si kalenda, jamani, ni ramani kabisa. Alipaka chokaa ukuta mzima wa nyumba yake, akachora juu yake kwa makaa. Mwaka ambao maharagwe yalioza shambani ulikuwa bonde la matope. Mwaka ambao kahawa ilizaa hadi matawi yakavunjika ulikuwa kilima. Na kila mtoto wa mtaa alikuwa na kajumba kake, pale kwenye mwaka aliozaliwa. Wengi wetu tulikuwa tumekimbia vita kutoka Bule, na karatasi zetu za kuzaliwa ziliungua pamoja na nyumba.

"Mutu asiyejua anatokea wapi mu wakati," alituambia, "wengine watamupeleka kwenye wanataka."

Sisi tulicheka tu. Kajumba kangu kalikuwa kamepinda, na nilimnunia kwa siku kadhaa.

Sasa niwaambie jambo ambalo mpaka leo linanichemsha damu. Dada yangu Rebeka alikuwa bado mwanafunzi wakati Baba Mudogo, aliyetutawala tangu baba alipokufa, alipomtafutia bwana. Bwana mwenyewe alikuwa mnunuzi wa dhahabu, tumbo mbele, viatu vyake vinang'aa hata kwenye matope. Ng'ombe wa mahari walikuwa wamekwisha kuangaliwa. Pasta alisita, akasema hafungishi ndoa ya mtoto.

"Mutoto gani?" Baba Mudogo akasema bila kupepesa macho. "Rebeka iko na miaka kumi na munane."

Uongo mtupu, nao akaurudia kila mahali hadi nadhani aliuamini mwenyewe. Rebeka aliacha kula. Alishinda akifua nguo ambazo zilikuwa safi.

Ukoo ukakaa uani kwetu kuamua, pasta akiwepo. Wanaume walikalia viti, wanawake walisimama karibu na mlango wa jikoni. Mama akasogea mbele.

"Rebeka nilimuzala mwaka ule maharagwe ilioza," akasema. "Nilikuwa na njaa na yeye iko mu tumbo. Ule mutoto hajafikisha miaka ya ndoa."

Baba Mudogo, yuleyule aliyependa kutuambia kwenye kila kilio kwamba uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, alimtazama kama amesikia mbuzi akikohoa.

"Weye mwanamuke, angalia chakula, kinaungua."

Wakacheka. Chakula hakikuwa kinaungua.

Mama alitoka moja kwa moja akaenda kubisha kwa Prof Karte. Mzee akavaa koti lake, akaja kuwachukua wote, akawapanga mbele ya ukuta. Fimbo yake ikatua kwenye bonde la maharagwe.

"Rebeka iko hapa," akamwambia Baba Mudogo. "Na nyumba ya pembeni yake, munaiona? Ni ya Zakaria, mutoto wako weye mwenyewe. Kama Rebeka amekomaa, basi na Zakaria tumutafutie bibi leo."

Zakaria alikuwa pale pale na kaptula yake, anakula muwa. Pasta akafunga Biblia. Njia ya mwongo ni fupi, na ya Baba Mudogo ilikatikia kwenye ule ukuta. Mnunuzi wa dhahabu akaenda zake, Rebeka akarudi shuleni. Wanaume wakampa Prof mkono mmoja mmoja, wakisema kweli kusoma ni kuzuri. Miaka yote nilisimulia habari hii kama habari yake.

Nilipokuwa mama na mimi, nilimtembelea Prof kabla hajafariki. Nikamuuliza alijuaje mahali pa kuweka kajumba ka dada.

"Mama yako alinionyesha," akasema. "Ule ukuta wote niliupata mu majiko. Nilikuwa ninakaa na bamama, ninauliza: ulizala wakati gani, ulikuwa unavuna nini, nani alizala pamoja na weye."

"Sasa mbona siku ile hukusema kama ni yeye alikuonyesha?"

"Wangecheka tena," akasema.

Na alisema kweli, hilo ndilo linalonikasirisha kuliko uongo wa Baba Mudogo. Mama alisema maneno yale yale, mbele ya watu wale wale, siku ile ile. Yalipotoka kwake yalikuwa kelele za jikoni. Yalipopita mdomoni mwa mwanaume mwenye koti yakawa elimu, na hakuna hata mmoja aliyegeuka kumtazama yule aliyezaa.